La Voz ya Héctor Lavoe: Nani Alimwacha Mwenzake?

Mwaka 1975 kampuni ya Fania ya New York ilitoa santuri ya nyimbo nane iliyobeba jina la Héctor Lavoe. Iliitwa La Voz, yaani Sauti. Kwa miaka kama saba kabla ya hapo sauti hiyohiyo ilikuwa imeshazoeleka katika mitaa ya Wapuerto Rico ya Bronx na Harlem ya Mashariki, ila jina kubwa la bendi lilikuwa la mtu mwingine: Willie Colón, mpiga tromboni.

Wengi huisimulia habari hii kwa mkato: Lavoe alitoka kwenye bendi ya Colón, akatoa albamu yake ya kwanza ya kujitegemea. Ni masimulizi mepesi, na yanapotosha. Lavoe hakutoka. Aliyetoka ni Colón, mwenye bendi mwenyewe, na wapigaji akawaacha mikononi mwa mwimbaji wake. Halafu huyohuyo aliyetoka akarudi studio kuwa prodyuza wa albamu ya yule aliyemwachia. Kwa hiyo tunaposema "albamu ya kwanza baada ya kuacha bendi", hapa inabidi tuulize kwanza bendi ilikuwa ya nani, ni nini hasa kiliachwa, na nani alifanya kazi gani ndani ya zile nyimbo nane. Bila majibu hayo, La Voz itabaki kuwa santuri nzuri tu ya kuchezea, na hutasikia kinachobadilika ndani yake.

Bendi ilikuwa ya nani

Katika salsa, muziki wa dansi wa Kilatini, ya New York ya miaka ya 1960 na mwanzoni mwa miaka ya 1970, bendi kwa kawaida ilikuwa ya mpiga chombo. Tito Puente alipiga timbales (jozi ya ngoma za chuma), Ray Barretto konga, Larry Harlow piano, Johnny Pacheco filimbi. Watu wa aina hiyo ndio waliopatana bei na mwenye ukumbi, waliowalipa wapigaji usiku ukiisha, na waliobeba hasara ukumbi ukikosa watu. Mwimbaji alikuwa mwajiriwa. Huenda yeye ndiye watu walimlipia kiingilio, lakini bango halikuwa lake. Akikosana na bosi, wiki inayofuata bendi inapanda jukwaani na mtu mwingine kwenye maikrofoni.

Msomaji wa Afrika Mashariki na Kongo hahitaji kuelezwa sana jambo hili. Mwaka 1963 Tabu Ley Rochereau na Dr Nico walitoka African Jazz ya Joseph Kabasele, wakaunda African Fiesta. Mwaka 1973 Mbaraka Mwinshehe aliiacha Morogoro Jazz akaanzisha Super Volcano. Kwetu aliyetoka aliunda bendi nyingine, ikapewa jina jipya, na wapenzi wa muziki wakagawanyika wakiulizana nani mkali. New York mambo yalichukua sura nyingine kwa sababu kampuni ya kurekodi iliingia katikati. Ilichotaka kuuza ni jina la mtu.

Fania ilianzishwa mwaka 1964 na watu wawili: Pacheco, mwanamuziki mzaliwa wa Jamhuri ya Dominika, na Jerry Masucci, mwanasheria. Tarehe 26 Agosti 1971 walikusanya nyota wa kampuni yao katika ukumbi wa Cheetah, Manhattan, chini ya jina Fania All-Stars. Viongozi wa bendi walikaa na vyombo vyao kama wapigaji wa kawaida, na waimbaji wakapokezana mbele, mmoja baada ya mwingine. Nionavyo mimi, usiku ule kila mtu ukumbini aliona wazi kile ambacho mabango yalikuwa yakikificha: umati ulikuwa unawafuata waimbaji.

Kampuni haikuchelewa. Mwaka huohuo Cheo Feliciano, aliyekuwa sauti ya kundi la Joe Cuba na ambaye alikuwa amekaa kando ya muziki akipambana na uraibu wa heroini, alirudi na albamu yenye jina lake. Ismael Miranda alijitenga na Larry Harlow mwaka 1973. Pete "El Conde" Rodríguez alijitenga na Pacheco, albamu yake ya kwanza ikatoka mwaka 1974. Hesabu yake ilieleweka: bendi moja inayouza santuri moja kwa mwaka, ukiigawa, inakupa majina mawili ya kuuza. Sisemi ilikuwa tamaa ya fedha peke yake. Waimbaji wale walikuwa wameshakomaa na walistahili nafasi hiyo. Lakini anayedhani kila mmoja wao alisimama siku moja akadai uhuru wake, amesahau kuwa mlango ulifunguliwa na kampuni iliyokuwa na faida yake humo.

Kijana wa Ponce na kijana wa Bronx

Lavoe alizaliwa Ponce, kusini mwa Puerto Rico, mwaka 1946, jina lake halisi Héctor Juan Pérez Martínez. Alifika New York Mei 1963 akiwa na miaka 16. Colón alizaliwa Bronx ya Kusini mwaka 1950, na albamu yao ya kwanza pamoja, El Malo ya 1967, aliirekodi akiwa na miaka 17. Pacheco ndiye aliyewakutanisha.

Ukiwatazama, walikuwa na malezi mawili tofauti kabisa. Colón alikulia mtaani kwa Kiingereza, akipiga tromboni kwa sauti nzito ya kukwaruza ambayo wanamuziki wakubwa wa zama zile waliiona haijaiva. Lavoe alikuja na Kihispania cha kisiwani na namna ya kuimba ya watu wa mashambani wa Puerto Rico, wale wanaoitwa jíbaro, ambao huzaliwa ndani ya desturi ya kutunga beti papo hapo. Kila mmoja alikuwa na kile ambacho mwenzake hakuwa nacho. Albamu zao za Krismasi, za mwanzoni mwa miaka ya 1970, ndizo zinazoonyesha hilo waziwazi zaidi: nyimbo za sikukuu za kijijini Puerto Rico, zikisukumwa na tromboni za Bronx.

Kuna kitu kimoja cha kwao ambacho pengine tayari unakijua bila kujua kuwa unakijua. "Che Che Colé", wimbo uliowapa umaarufu mkubwa, umejengwa juu ya wimbo wa watoto wa Ghana. Waliopitia skauti au michezo ya shuleni huku kwetu wameuimba kwa kuitikiana: che che kule.

Ilipofika mwaka 1973 walitoa albamu ya Lo Mato, na muda mfupi baadaye Colón aliamua kuacha kuzunguka na bendi. Alikuwa amechoka na safari, na alitaka muda wa kutunga, kujifunza na kujaribu muziki wa aina nyingine. Miaka michache baadaye alitoa kazi ndefu iliyoandikwa kwa ajili ya balei ya televisheni. Lakini si uchovu tu. Lavoe alikuwa mraibu wa heroini, alichelewa maonyesho au kutofika kabisa, na hayo hayakuwa siri kwa mtu yeyote aliyekuwa karibu na bendi. Anayelaumiwa na mwenye ukumbi mwimbaji asipotokea ni mwenye bendi. Colón alikuwa na miaka ishirini na kitu, na mzigo huo alikuwa ameubeba tangu utotoni.

Kwa Lavoe uamuzi ule ulikuwa pigo. Leo tunauita mwanzo wa maisha yake ya kujitegemea, kana kwamba aliuomba. Yeye aliupokea kama mtu anayekabidhiwa usukani gari likiwa linakwenda.

Kilichomo ndani ya albamu

Sasa tuichukue santuri yenyewe. Kwanza, wapigaji: José Mangual Jr. kwenye bongo na Milton Cardona kwenye konga ni walewale wa siku za Colón. Uti wa mgongo wa mdundo haukubadilika. Kilichobadilika ni vyombo vya kupuliza. Colón alijenga sauti yake juu ya tromboni, chombo kizito cha chini. Katika bendi ya Lavoe tarumbeta zinakaa kando ya tromboni, na mara moja unasikia kama dirisha limefunguliwa juu ya wimbo. Mwimbaji mwenye sauti nyembamba ya juu, kama ya Lavoe, alipozungukwa na tromboni tupu alisikika peke yake huko juu. Zilipoingia tarumbeta alipata za kujibizana nazo katika eneo lake.

Pili, bolero. Albamu ina nyimbo za taratibu za mapenzi, ikiwemo "Un Amor de la Calle" na "Emborráchame de Amor", hii ya pili ikiwa utungo wa Mario Cavagnaro wa Peru. Wakati wa Colón, Lavoe alikuwa zaidi mtu wa uchangamfu, wa utani wa mtaani na hadithi za wahuni. Hapa anaimba kama mtu aliyeumizwa, na anachukua muda wake. Anayetaka kujua albamu ya kujitegemea inampa mwimbaji kitu gani asichokipata kwenye bendi ya mtu, aanzie kwenye bolero hizi. Mwenye bendi anafikiria wachezaji dansi. Mwimbaji mwenye albamu yake anaweza kumwomba msikilizaji aketi.

Tatu, kuna "Mi Gente", na huu unahitaji tuutazame polepole, kwa sababu ndani yake kuna ufundi ambao watu wengi husifia bila kueleza. Wimbo wa salsa kwa kawaida una sehemu mbili. Ya kwanza ni utungo ulioandikwa, wenye beti na hadithi. Ya pili huitwa montuno: piano na besi zinarudia mzunguko mfupi, waitikiaji wanarudia kiitikio kilekile, na kati ya kiitikio na kiitikio mwimbaji ana sekunde chache za kujaza kwa maneno anayoyatunga hapohapo. Kujaza huko ndiko kunaitwa soneo, na mwimbaji anayekumudu huitwa sonero. Kinachombana si vina peke yake. Chini ya kila kitu kuna clave, mpigo wa vijiti viwili wenye vipigo vitano, vitatu upande mmoja na viwili upande wa pili, unaorudi bila kusimama hadi wimbo uishe. Maneno yakiangukia upande usio wao, hata asiyejua muziki atahisi kitu kimepinda.

Lavoe alikuwa na tabia ya kuuacha mdundo umtangulie. Sikiliza: kiitikio "que cante mi gente", waimbe watu wangu, kinaisha, na pale unapotegemea aingie, haingii. Anasubiri nusu ya pumzi, kisha anaanza kuzungumza zaidi ya kuimba, silabi zikikimbizana, na unadhani amechelewa na hataweza kumaliza. Halafu neno la mwisho linatua palepale penye kipigo cha clave, na waitikiaji wanapokea kana kwamba hakuna lililotokea. Alilirudia hilo wimbo hadi wimbo, na halikumshinda. Wako waimbaji wa salsa waliokuwa na sauti kubwa kuliko yake. Katika uhuru wa namna hii ndani ya mdundo mkali, sijasikia aliyemzidi.

Na "Mi Gente" si utungo wake. Ni wa Johnny Pacheco, yaani bosi mmojawapo wa kampuni. Fikiria hilo kidogo. Wimbo uliomtambulisha Lavoe kama mtu anayesimama kwa miguu yake, akiwaita watu "wangu", aliandikiwa na mwenye kampuni, na ukarekodiwa chini ya usimamizi wa mwenye bendi aliyemwacha. Kwangu hilo halimpunguzii Lavoe chochote. Linaonyesha tu kwamba kujitegemea kwa mwimbaji wa salsa hakukuwa na maana ya kufanya kazi bila watu.

"Rompe Saragüey" unalionyesha hilo vizuri zaidi. Ni wimbo wa zamani wa Cuba, unaojulikana kwa bendi ya mpiga tarumbeta Félix Chappottín na sauti ya Miguelito Cuní, na jina lake ni la mmea ambao wafuasi wa dini ya Santería hutumia kusafishia nuksi. Lavoe anauimba kwa heshima kwa wazee, kisha ananyamaza. Piano inashika hatamu, mpigaji akiwa Mark Dimond, na kinachofuata ni mojawapo ya solo za piano zinazopendwa kuliko zote katika salsa: vidole vinatoka nje ya mzunguko, vinapotea, vinarudi vikiwa vimebeba kitu kipya. Ndani ya albamu inayoitwa Sauti, dakika zilizonishika mimi zaidi ni zile ambazo mwimbaji hayupo. Kiongozi mwenye wasiwasi wa kufunikwa angezikata. Lavoe aliziacha, na kwangu huo ndio ushahidi kwamba alikuwa na sikio la kiongozi wa bendi hata kama tabia za kiongozi zilimpiga chenga.

Kinshasa kabla ya santuri

Umati wa Kongo ulimwona Lavoe akiimba "Mi Gente" kabla La Voz haijatoka. Septemba 1974 Fania All-Stars walipelekwa Kinshasa kwenye tamasha la Zaire 74, lililopangwa liende sambamba na pambano la Muhammad Ali na George Foreman. Foreman alichanika juu ya jicho mazoezini, ngumi zikasogezwa hadi tarehe 30 Oktoba, lakini muziki ukaendelea kama ulivyopangwa katika uwanja wa Tarehe 20 Mei, ule ambao leo unaitwa Tata Raphaël. James Brown alikuwepo, B.B. King, Miriam Makeba, Celia Cruz, na wenyeji kama Franco na Tabu Ley.

Wapuerto Rico na Wacuba wale hawakuwa wageni masikioni mwa watu wa Kinshasa. Santuri za Kicuba za mfululizo wa GV zilianza kuingia Afrika miaka ya 1930, na bendi za Kongo zilijifunza rumba kutoka kwenye santuri hizo, nyingine zikiimba Kihispania cha kubahatisha. Wimbi hilo lilifika hadi bara la Tanzania, ambako Salum Abdallah wa Morogoro aliiita bendi yake Cuban Marimba. Picha za filamu za tamasha lile zipo, na zinamwonyesha Lavoe mbele ya umati usiojua neno la Kihispania ukiitikia. Ukizitazama ukikumbuka kwamba wakati huo mwenye bendi wake alikuwa ameshamwachia mzigo wote, utaona jambo ambalo jalada la santuri haliwezi kukuambia: wimbo huu alikuwa ameshaujaribu mbele ya maelfu ya watu kabla haujawa wimbo wa albamu yake.

Kilichobadilika, na gharama yake

Kama wapigaji ni walewale, prodyuza ni yuleyule na watunzi wengi ni watu wengine, basi nini kilibadilika? Jina la bendi, kwanza, na pamoja nalo mapato ya maonyesho na jukumu la kuwalipa watu. Uchaguzi wa nyimbo, pili: bolero zile na wimbo ule wa wazee wa Cuba unaonyesha mtu anayejua anachokipenda. Tatu ni kwamba hakukuwa na wa kumficha tena. Alipokuwa chini ya Colón, kuchelewa kwake kulikuwa tatizo la Colón. Kuanzia 1975 kulikuwa tatizo lake mwenyewe.

Albamu iliyofuata, De Ti Depende ya 1976, ilimpa "Periódico de Ayer" wa Tite Curet Alonso, mfanyakazi wa posta wa Puerto Rico aliyetunga nyimbo nyingi kuliko karibu mtu yeyote katika salsa. Mwaka 1977 Lavoe alilazimika kusimama kwa muda kwa sababu ya afya. Alirudi mwaka 1978 na Comedia, yenye "El Cantante", wimbo wa zaidi ya dakika kumi ambao Rubén Blades, mwimbaji na mtunzi wa Panama, aliutunga akitaka kuuimba mwenyewe, hadi Colón alipomwomba amwachie Lavoe. Colón alipanga vyombo. Kwa maneno mengine, miaka mitatu baada ya "kuachana", watu wale wawili walikuwa bado wanatengeneza kazi zao kubwa pamoja, ila sasa kila mmoja akiwa na bango lake. Lavoe alifariki New York tarehe 29 Juni 1993, akiwa na miaka 46.

Mtindo huu wa kuondoka kwenye bendi ya mtu na kuanza na jina lako uliendelea katika kizazi kilichofuata. Frankie Ruiz alipoiacha bendi ya Tommy Olivencia, albamu yake ya kwanza ya mwaka 1985 iliitwa Solista pero no solo: mwimbaji wa kujitegemea, lakini si mpweke.

Anayetaka kuyasikia haya kwa masikio yake aanze na Lo Mato ya 1973, aingie La Voz, kisha De Ti Depende, kwa mpangilio huo na bila kuruka nyimbo. Katika ya kwanza afuatilie tromboni, katika ya pili asubiri tarumbeta zinapoingia na aone sauti ya Lavoe inakwenda wapi. Ikifika ya tatu, ahesabu ni mara ngapi kiitikio kinaisha na mwimbaji bado hajaanza.